Kuku Aliyekatiza Kwenye Skrini

Kuna sinema moja ninayoipenda sana ambayo sijawahi kuiona, na wewe pia hutaiona. Kisa chake ni hiki: vibarua wawili wanalipwa mshahara. Mmoja anarudi nyumbani, anachimba shimo ndani ya nyumba na kuzifukia pesa zake, wala hajui kuna jicho linamwangalia. Mwenzake anapeleka zake Posta na kuandikiwa kitabu cha akiba. Mwizi, bila shaka, anajua nyumba ya kuendea. Yaliyobaki jimalizie mwenyewe, kwa sababu Kenya inakisimulia kisa hiki mpaka leo, ila siku hizi shimo ni chama cha akiba na mwizi ni mweka hazina wake.

Sinema hiyo ilitengenezwa Vugiri, kwenye milima ya Usambara, Tanganyika, katikati ya miaka ya 1930. Waigizaji walikuwa Waafrika. Mradi wenyewe ulikuwa na jina refu la kizungu, Bantu Educational Kinema Experiment, yaani jaribio la sinema za kuwaelimisha Wabantu. Pesa nyingi zilitoka shirika la Carnegie, New York. Kati ya 1935 na 1937 mradi ulitoa filamu fupi 35 hivi. Leo zinazojulikana kuwa zimebaki ni tatu tu, nazo ziko Uingereza, kwenye hifadhi ya BFI: moja inahusu mafunzo ya utabibu wa mifugo, moja minyoo ya safura, moja mashamba ya wakulima wa Kingolwira, karibu na Morogoro. Ile ya Posta haimo.

Kisa chake tunakijua kwa sababu wakubwa wa mradi, L. A. Notcutt na G. C. Latham, walichapisha kitabu mwaka 1937, *The African and the Cinema*. Kwa maneno mengine, sinema imekufa lakini ripoti yake iko hai. Walioigiza wamepotea, waliowasimamia wamebaki na majina yao kwenye jalada.

Mimi ni mtu wa Endebess, chini ya Mlima Elgon, kwenye barabara inayoelekea Suam, pale Kenya inapoishia na Uganda inapoanza. Huku kwetu mtu akikwambia "ile muvi ilipotea," hana maana kwamba iliungua. Ana maana kwamba kaseti iliazimwa na aliyeiazima hakuirudisha, na hakuna aliyemfuata kuidai. Nimesoma mambo mengi kuhusu filamu zilizopotea duniani, na naona maelezo ya huku kwetu yanafika mbali kuliko ya vitabuni. Sinema haifi kwa sababu ya moto, wala kwa sababu ya uzee. Inakufa siku ile anapokosekana mtu wa kusema, "hebu turudie."

Tuanze na wenye mali. Mwaka 2013 Maktaba ya Bunge la Marekani ilitoa utafiti kuhusu filamu ndefu za bubu zilizotengenezwa Marekani kati ya 1912 na 1929. Zilikuwa karibu 11,000. Zilizobaki kamili, katika umbo lilelile zilivyotoka, ni asilimia 14. Asilimia 70 zimepotea kabisa. Hii ni Hollywood tunayoizungumzia, nchi yenye maghala, mawakili na bima.

Sababu ambayo kila mtu hupenda kuisimulia ni moto. Filamu za zamani zilitengenezwa kwa naitreti, kitu kinachowaka hata ukikitumbukiza majini. Mwaka 1937 ghala la kampuni ya Fox huko New Jersey liliteketea na kumeza sehemu kubwa ya filamu zake za bubu. Mwaka 1965 moto wa ghala la MGM ulichoma nakala ya mwisho iliyojulikana ya *London After Midnight*, sinema ya 1927 ya Lon Chaney, ambayo mpaka leo wapenzi wa filamu wanaililia kama mtoto wa kwanza.

Moto una drama, ndiyo maana tunaupenda. Lakini tazama vizuri uone moto ulikuta nini. Ulikuta nakala moja. Filamu iliyowahi kuonyeshwa miji mingi kwa wakati mmoja, ikifika 1965 imebaki nakala moja kwenye ghala. Hizo nyingine zilikwenda wapi? Jibu halina drama yoyote: zilitupwa. Sauti ilipoingia sinema kuanzia 1927, filamu bubu zikawa kama mulika mwizi mbele ya simu janja. Kuzitunza kulikuwa gharama, na ndani yake kulikuwa na madini ya fedha yanayoweza kuuzwa, basi nyingi zikayeyushwa. Kule Ufaransa Georges Méliès, yule aliyetupa roketi kwenye jicho la mwezi, alizichoma filamu zake mwenyewe mwaka 1923. Hakuwa na pesa, hakuwa na pa kuziweka, na hakukuwa na mtu aliyezitaka. Moto ulikuwa mhudumu wa mazishi. Aliyeua ni mwingine.

Sasa rudi Vugiri na hoja hii mkononi. Filamu za Vugiri zilipigwa kwa milimita 16, na filamu ya saizi hiyo ilitengenezwa tangu mwanzo kwa asetati, isiyolipuka kama naitreti. Huoza polepole ikiwekwa penye joto na unyevu, hunuka siki, lakini haitoi ule moto wa ghafla. Kwa hiyo huku kwetu moto hauna kesi ya kujibu. Zimepotea filamu zaidi ya 30 ambazo hata visingizio vya Hollywood hazina.

Zilipoteaje, basi? Mradi ulikuwa na lori, jenereta na projekta. Kuanzia Septemba 1935 hadi Februari 1936 lori hilo lilizunguka Tanganyika, Nyasaland, Rhodesia ya Kaskazini, Kenya na Uganda. Inakadiriwa Waafrika 80,000 hivi walihudhuria maonyesho. Piga picha: shamba la mkonge au uwanja wa shule, giza limeingia, kitambaa cheupe kimetundikwa, na watu ambao wengi hawajawahi kuona sinema wanamwona mtu mweusi kama wao akifukia pesa chini. Halafu pesa za Carnegie zikaisha. Serikali za kikoloni zikaombwa zichangie ili kazi iendelee, zikakataa. Wengine walisema filamu hazikuwa na ubora. Mwaka 1937 mradi ukafungwa.

Watu 80,000 waliziona, na hakuna hata mmoja wao aliyekuwa na nakala. Hilo ndilo jambo la msingi. Lori lilikuja, likaonyesha, likaondoka na kila kitu. Waliotazama hawakuulizwa kama wangependa kuiona tena ile ya mwizi. Walioulizwa ni maafisa, na maafisa walikuwa wakiangalia bajeti. Filamu ilitengenezwa kwa ajili yetu, ikaigizwa na watu wetu, lakini uamuzi wa iishi au ife haukupita kwetu hata dakika moja.

Weka pembeni yake sinema nyingine ya mwaka huohuo, 1935: *Sanders of the River*, ya Zoltan Korda, London. Ni sinema ya kumsifu Mzungu anayetawala "watoto" wake wa Kiafrika kando ya mto. Ndani yake yumo Paul Robeson, Mmarekani mweusi aliyekuwa nyota mkubwa, na katika sehemu ndogo sana yumo kijana mmoja aliyekuwa anasoma London, jina lake Jomo Kenyatta. Kijiji cha Kiafrika kilijengwa studio ya Shepperton, Uingereza. Robeson baadaye aliikana kabisa sinema hiyo, akaionea aibu. Lakini iko. Fungua intaneti utaipata leo usiku.

Angalia mizani hiyo. Ile ambayo nyota wake mwenyewe alitamani ifutike imebaki. Ile iliyoigizwa Usambara na watu wa Usambara, kwenye udongo wao, imepotea. Sidhani ni kwa sababu moja ilikuwa nzuri na nyingine mbaya. *Sanders* ilikuwa na kampuni, na kampuni ilikuwa na sababu ya kuiuza mwaka uliofuata, na mwaka mwingine tena. Kila mara ilipouzwa nakala mpya ilitoka, na sinema huishi kwa wingi wa nakala. Kwa hiyo mtu akikwambia muda ndio mchujaji, kwamba kilicho bora hubaki na kibovu hupotea, mwambie akatazame *Sanders* kwanza.

Najua swali linalokuja, kwa sababu nimeulizwa mtaani: si hizo za Vugiri zilikuwa propaganda za mkoloni? Lipa kodi, weka pesa Posta, chimba choo. Kwani tunalilia nini?

Swali ni halali, na sitalikwepa. Ndiyo, zilikuwa mahubiri. Kanuni yake tunaijua: kuna mwerevu mmoja na mjinga mmoja, mwerevu anafuata ushauri wa serikali na kunawiri, mjinga anapata anachostahili. Kulikuwa na nyingine iliyoitwa *Gumu*, ya kijana wa kijijini anayekwenda mjini na kuharibikiwa. Kanuni hii haikufa na ukoloni. Iko kwenye filamu za miradi ya afya, iko kwenye michezo ya kuigiza ya shule, iko kwenye nusu ya muvi za Riverwood ulizowahi kununua. Kijana anatoka Kitale anaenda Nairobi, anapata marafiki wabaya, mama analia. Gumu ni babu yao wote, na wajukuu hawajawahi kuona sura yake.

Kama mhakiki, nina malalamiko mengi juu ya kanuni hii. Inamfanya mtazamaji mwanafunzi kabla hajaketi. Mwerevu huwa hana la kufanya zaidi ya kuwa mwerevu, kwa hiyo uhai wote wa hadithi unahamia kwa mjinga na mwizi. Mwizi ana mpango, ana hofu, anakimbia. Aliyeandika alitaka tutoke pale na hamu ya kufungua akaunti, lakini alimpa mwizi kazi yote ya kusisimua. Huwezi kuandika hivyo halafu ushangae watu wakimkumbuka mwizi.

Lakini hapo ndipo kilio changu kilipo. Sinema haibebi somo tu. Hubeba pia vitu ambavyo mwenye kamera hakukusudia.

Kuna kisa maarufu ambacho Marshall McLuhan alikitia kwenye kitabu chake cha 1962, *The Gutenberg Galaxy*. Alikitoa kwa mtaalamu mmoja wa London, John Wilson. Mkaguzi wa afya alitengeneza filamu fupi, ya polepole, kuwaonyesha wanakijiji wa Kiafrika jinsi ya kuondoa maji yaliyotuama nyumbani. Walipomaliza kutazama wakaulizwa, mmeona nini? Wakajibu: kuku. Wazungu wakatazamana. Kuku gani? Hawakujua kama kulikuwa na kuku kwenye filamu yao. Ikabidi wairudie picha moja baada ya nyingine, na kweli, kwa muda wa kama sekunde moja, kuku alikatiza pembeni.

Kisa hiki kilitumika kuonyesha kwamba Mwafrika hajui kutazama sinema, kwamba jicho lake linaokota vipande na kuiacha picha nzima. Wataalamu wakajenga nadharia juu ya kuku huyo na wenzake: watengenezewe filamu polepole, bila ujanja, kitu kimoja kwa wakati mmoja. Mimi nikikisoma naona kinyume. Katika chumba kile kulikuwa na makundi mawili, na ni kundi moja tu lililokuwa limeiona filamu yote. Waliokuwa wameitengeneza hawakuwa wamemwona kuku wao wenyewe. Wanakijiji walimwona, kwa sababu kuku ni mali, ni wa mtu fulani, na kuku akikurupuka hivyo kuna jambo. Mkaguzi alikuwa anatazama somo lake. Wao walikuwa wanatazama dunia.

Ndiyo maana sitaki kuambiwa filamu 30 na zaidi za Vugiri hazina thamani kwa sababu somo lake lilikuwa la kikoloni. Somo silihitaji. Ripoti ninayo. Ninachotaka ni kuku. Nataka kuona yule kibarua alishikaje jembe alipochimba lile shimo, maana kuna namna ya kushika jembe ambayo huigizi, unayo tu. Nataka kuona mwanamke anayepita nyuma na mtungi bila kuambiwa apite, mtoto anayeitazama kamera halafu anacheka na kujificha. Vitu hivyo hakuna aliyeviandika kitabuni, kwa sababu kwa mwenye kitabu havikuwa kitu. Vilikuwa kwenye filamu tu, na filamu hazipo.

Kuna kitu kingine kilichokuwa kwenye filamu hizo, na hiki kinatugusa sisi kwa karibu: sauti. Filamu za Vugiri zilipigwa bubu. Maneno yaliwekwa kwenye santuri, sahani za gramafoni, zikachezwa sambamba na picha, kwa Kiswahili na kwa lugha nyingine kadhaa za ukanda huu. Ikibidi, mtu alishika kipaza sauti akaeleza papo hapo. Maana yake picha na sauti vilikuwa vitu viwili tofauti, kwenye masanduku mawili tofauti. Santuri ikipasuka, picha inabaki bubu. Picha ikioza, sauti inabaki ikimzungumzia mtu asiyeonekana.

Wajapani walikuwa na jambo kama hilo enzi ya filamu bubu. Msimulizi aliyeitwa *benshi* aliketi kando ya skrini, akawasemea waigizaji wote, akaeleza, akatania, akalia. Watu walilipa kiingilio kwa ajili yake kama walivyolipa kwa ajili ya nyota. Wasomi huandika kuhusu benshi kama ajabu ya Mashariki ya mbali. Mimi nikasema, kwani hawa hawajawahi kuingia kibanda cha video Endebess siku ya soko?

Kwa sababu sisi tulikuwa na DJ Afro. Kama umekulia Kenya miaka ya 2000 na kuendelea, sina haja ya kukueleza. Muvi ni ya Hong Kong au ya Marekani, lakini anayeongea ni DJ Afro, kwa Kiswahili kilichotoka mtaani kabla hakijapoa. Anawabatiza waigizaji upya, anamhurumia adui, anakwambia kitakachotokea kabla hakijatokea, na bado unashtuka. Uganda wana VJ Jingo na wenzake kwa Kiganda, na huku mpakani kaseti zao zilifika pia. Tanzania walikuwa na Lufufu, ambaye sauti yake ilijulikana kuliko ya mawaziri. Hawa ndio benshi wetu. Walizichukua filamu ambazo kwetu zilikuwa bubu, kwa maana lugha yake hatukuishika, wakazipa mdomo.

Je, nani anaihifadhi kazi hiyo? Ile muvi ya Jackie Chan haitapotea kamwe. Ina kampuni, ina hakimiliki, ina nakala za kila aina. Kinachoweza kupotea ni sauti iliyowekwa juu yake, ile sehemu yetu. Kisheria haina mwenyewe. Kibiashara ilikuwa CD ya kuchomwa, ya kuuzwa kwa bei ya chapati mbili. Kitaaluma haikuhesabiwa sanaa, ilihesabiwa uharamia. Yaani tumerudi palepale Vugiri: picha ya mgeni inabaki London, na sauti iliyoifanya ieleweke huku inavunjika kama santuri.

Wala si sauti tu. Sinema zetu kamili nazo ziko njiani. Jiulize ni watu wangapi unaowajua walioiona *Kolormask* ya Sao Gamba, ya mwaka 1986, inayotajwa kila mara tunapohesabu sinema ndefu za kwanza za Mkenya. Tunaitaja kwenye makala, kama hii, tunaipa heshima, tunasonga mbele. Kutajwa si kuonwa. Filamu inayotajwa bila kuonwa imeshaanza safari ya kuwa ripoti.

Na chini ya *Kolormask* kuna zile ambazo hata hazitajwi. Vichekesho vya Kibukusu, vya Kikalenjin, vya Kikuyu, vilivyouzwa kwenye VHS, halafu VCD, halafu DVD, sokoni Kitale na stendi ya Bungoma. Mjomba wangu alikuwa na kibanda cha video na alikuwa na moja ya Kibukusu ambayo tuliirudia mpaka mstari mweupe ukaanza kupita katikati ya picha. Jina la muvi silikumbuki, na hata kisa kimenitoka. Nakumbuka mtu mmoja aliyevaa gambuti mbili tofauti, moja nyeusi, moja ya kijani, na hakuna mhusika aliyesema neno kuhusu hizo gambuti tangu mwanzo mpaka mwisho. Huyo ndiye kuku wangu.

Kanda hiyo iliishia wapi? Mwanzo wa 2008, baada ya uchaguzi, Endebess ilikuwa na kambi ya wakimbizi wa ndani, na miaka hiyohiyo vita vya huku Mlima Elgon vilikuwa vimeshawahamisha wengi. Watu walifika na godoro, na sufuria, na kitambulisho kama walibahatika. Hakuna aliyekimbia na kaseti, na hakuna anayepaswa kulaumiwa kwa hilo. Kuna wakati hadithi ni mzigo, na mtoto mgongoni ni mzigo wa kutosha. Lakini angalia tena mantiki ileile: moto ulikuta nakala moja. Kama muvi ile ingekuwa na nakala Bungoma, na nyingine Nairobi, na nyingine kwa shangazi wa mtu Eldoret, nyumba moja kuungua kusingeimaliza.

Wakati mwingine kinachookoa filamu ni kusahaulika mahali pazuri. Kule Dawson City, kaskazini kabisa ya Kanada, njia ya usambazaji wa filamu ilikuwa inaishia. Zikifika kule, gharama ya kuzirudisha ilizidi thamani yake, basi zikabaki. Mwaka 1929 mamia ya mikebe ya filamu bubu yalitumika kujazia bwawa la kuogelea lisilotumika. Mwaka 1978 mashine ya kuchimba ikazifukua, na baridi ya ardhi ile ilikuwa imezitunza. Mikanda zaidi ya 500, na filamu nyingi kati ya hizo hazikuwepo popote pengine duniani.

Kisa hicho kinanipa moyo na kinaniudhi kwa pamoja. Kinanipa moyo kwa sababu Endebess nayo ni mwisho wa njia, na mwisho wa njia ndipo vitu hubaki. Kinaniudhi kwa sababu hatuna barafu. Tuna mvua, panya, vumbi la mahindi, na mama anayesafisha nyumba Desemba. Bahati ya Dawson City haitatufikia. Sisi itabidi tukusudie.

Pale Kitale kuna makumbusho. Ilianzishwa mwaka 1926 na Mwingereza mmoja, Luteni Kanali Hugh Stoneham, aliyekusanya wadudu, ndege na vitabu maisha yake yote mpaka alipofariki 1966. Mwaka 1974 ikafunguliwa kama makumbusho ya taifa. Shule nyingi za Trans Nzoia zimepita pale. Hakuna aliyemtuma Stoneham. Aliona kipepeo akasema huyu anafaa kuwekwa, akamchoma pini, akaandika jina na mahali alipopatikana. Karibu miaka mia baadaye vipepeo wapo.

Sikutajii Stoneham ili tumsujudie mlowezi. Nakutajia kwa sababu tofauti kati ya kipepeo wake na muvi ya gambuti mbili si thamani. Ni pini na karatasi. Mtu mmoja alikusudia.

Kwa hiyo, wewe unayesoma hii kwenye simu, najua nyumbani kwenu kuna boksi. Liko chini ya meza ya TV au juu ya kabati, ndani yake kuna DVD zisizo na majalada, flashi ya zamani, labda kaseti mbili za VHS ambazo hakuna mashine ya kuzicheza. Wikendi hii lifungue. Zile za Hollywood ziache, zina wenyewe. Tafuta ile ambayo mtu anaongea lugha ya nyumbani, au DJ anatafsiri, au jirani yenu alipewa sehemu ya polisi kwa sababu alikuwa na koti. Andika kwenye karatasi jina lake kama unalijua, mwaka, nani yumo, mlinunua wapi. Inakili mara tatu, na nakala mbili ziende nje ya nyumba yenu. Kisha, jioni stima ikiwepo, keti na wazee na wadogo mwitazame mpaka mwisho, na ikiisha waulize wameona nini. Watakachojibu kiandike pia, hata kama ni kuku.